Hariri Yako ya Buluu

Daegu,
9 Aprili 1996

Mpendwa Dada Jeong-im,

Hali yako huko Ujerumani? Magoti yamepata nafuu, au bado unawainua wagonjwa wazito peke yako? Sisi wazima, ila mume wangu anakohoa kidogo.

Ile hariri ya buluu uliyoniachia ulipokuja likizo nimeitoa sandukuni. Miaka ishirini na minne nimemlea Ki-hyeon nikiingojea rangi hiyo, maana waridi ni ya mama wa bibi harusi, na buluu ni ya mama wa bwana harusi.

Sasa Ki-hyeon amempata mama yake mzazi, Ok-bun, yule aliyeondoka mtoto akiwa na miaka mitatu. Anauza supu mjini Pohang.

Kitanzi nimejitia mwenyewe, Dada. Unakumbuka Ki-hyeon alivyokuwa akimlilia mama yake kila nilipomwogesha? Ili anyamaze, nilikuwa nikimwambia mama yake atarudi siku ya harusi, amevaa buluu, awashe mshumaa mbele ya wageni. Nilidhani ni maneno ya kumtuliza tu. Kumbe alikuwa akiyaweka moyoni.

Wiki iliyopita alinipigia magoti, jitu zima. Akasema, "Mama, wewe ndiye uliyeniahidi."

Nikikataa, basi nilimdanganya utoto wake wote. Nikikubali, sina rangi. Mama mkwe ameshaamua kwamba buluu haivaliwi na wawili, watu watatucheka. Mume wangu kajificha nyuma ya gazeti, unamjua. Nina hasira, sikufichi.

Juzi nilimpeleka Ok-bun kwa fundi mimi mwenyewe, na hariri yako mkononi. Alishindwa kunitazama usoni. Fundi akafungua daftari la vipimo, akauliza, "Mama wa bwana harusi ni nani kati yenu?"

Nikasema, "Huyu hapa."

Mikono ya Ok-bun ni mifupi kuliko yangu, kwa hiyo kitambaa kilibaki, upana wa viganja viwili. Nimemwambia fundi akishone ndani ya vazi langu la kijivu, upande wa kifuani, pasipoonekana. Usidhani ni wema, ni ukaidi tu. Nisamehe kwa zawadi yako.

Msalimie shemeji Werner, na umbusu Mina kwa niaba yangu. Ki-hyeon anakuamkia. Anauliza kama utakuja, maana amekuwekea kiti mstari wa tatu, karibu na changu.

Mbingu zikujalie afya na usingizi mwema.

Ni mimi mdogo wako, nikupendaye siku zote,
Mal-suk