Nimewaita Wachezaji "Abiria", Nifute au Niache?

Mpendwa mshauri, naomba unisome mpaka mwisho ndipo unicheke, maana najua utacheka, hata mume wangu alicheka kwanza ndipo akaniambia nikuandikie wewe. Mimi ni mama wa miaka hamsini na moja, kazi yangu ni kutangaza mabasi kwenye kituo kikuu, na nimekaa kwenye kile kibanda cha vioo juu ya lango la nne kwa miaka ishirini na tatu, kwa hiyo kama umewahi kupanda basi mjini kwetu basi umenisikia, labda umenilaani pia kwa kukuamsha usingizini, ila hukuwahi kuachwa na gari kwa sababu yangu. Hilo nalisema bila kuona haya.

Kazini kwetu kuna taa ndogo nyekundu ukutani, dereva akiwa tayari kuondoka mtu wa langoni anabonyeza kitufe, taa inawaka mbele yangu, nami nafungua maiki na kusema, "Abiria, muda umewadia. Hakikisheni hamjasahau kitu." Nimeyasema maneno hayo mpaka mdomo unayajua wenyewe. Na ukikosea, tuseme umeita lango la sita badala ya la tisa, huzimi maiki ukajifanya hukusema, unaifungua ileile papo hapo unasema, "Sahihisho, abiria," kisha unatangaza lililo la kweli. Miaka yote hiyo nimesema sahihisho mara nne tu na zote nazikumbuka, ile ya tatu kuna mzee alikuwa ameshaanza kukimbia na begi lake kuelekea kusikokuwa, nikashuka ngazi mwenyewe nikambebea mpaka lango la tisa.

Sasa, mwaka jana vijana wawili wa kampuni ya gemu za simu walikuwa wanasubiri basi pale kituoni, wakanisikia, wakapanda ngazi mpaka kibandani wakasema wanatafuta sauti ya Kiswahili. Wakanieleza kwamba gemu yao inachezwa na watu arobaini kwa pamoja, kila mtu kwake na simu yake, na kabla mechi haijaanza wote wanawekwa kwenye ukumbi wa kusubiri kama dakika moja hivi, huyu anarukaruka, yule anapiga soga na wasiojuana naye, na sauti inawatangazia bado sekunde sitini, bado thelathini, chagueni silaha. Nikawaambia hiyo si kazi ngeni kwangu, hao ni watu wa kusubiri tu.

Nikaenda siku yangu ya mapumziko, chumba chenyewe kidogo, kuta zimefunikwa magodoro, fundi wa sauti amekaa ng'ambo ya kioo, nikasoma sentensi hamsini na nane bila kukwama hata moja. Ya hamsini na tisa iliandikwa, "Wachezaji, muda umewadia, shikeni silaha zenu." Nikainua macho, mshauri wangu, nikaona taa nyekundu ukutani! Kumbe studio taa nyekundu maana yake wanarekodi, ilikuwa inawaka tangu asubuhi ila mimi nilikuwa nimeinamia karatasi, na mdomo ukasema wenyewe, "Abiria, muda umewadia. Hakikisheni hamjasahau kitu." Fundi akaninyanyulia dole gumba. Yeye alikuwa anasikiliza mikwaruzo, maneno hakuyasikiliza, na mimi sikujua nimesema nini mpaka gemu ilipotoka.

Hapo ndipo linapoingia suala la binti yangu. Ana miaka ishirini na minne, ni fundi cherehani, anashona sare za shule, na jioni akirudi anacheza gemu hiyohiyo na wenzake watatu ambao hajawahi kuwaona, huko wanamwita Sindano. Sikumwambia kwamba nimerekodi. Alipokuwa na miaka kumi na mmoja darasani walikuwa wanamtania kwa sauti yangu, akichelewa wanapiga kelele, "Abiria aliyechelewa, gari limeondoka!" na siku moja akarudi nyumbani akaniambia, macho yakiwa chini, "Mama, siku ya wazazi aje baba." Akaenda baba. Mimi siku hiyo niliingia zamu nikatangaza kama kawaida, na tangu hapo nikiwa nyumbani naongea chini chini, hata mume wangu hudhani ni kifua.

Basi Jumamosi moja mchana nakunja nguo sebuleni, yeye amejilaza kwenye kochi na simu iko spika, siku hiyo ndiyo kwanza gemu yake ameitoa kwenye Kiingereza na kuiweka Kiswahili kama wenzake, mara nasikia sauti yangu inatoka mle, "Abiria, muda umewadia." Shuka likanidondoka. Binti akakaa kitako.

"Mama."

"Abee."

"Huyu si wewe?"

Nikasema ni mimi mwanangu, nisamehe, nilikuwa nitakwambia. Kumbe mle kwenye simu watu wanaitikia, wanaume kwa wanawake, "Tupo, mama!" "Mama, nimesahau chaja!" "Mama, usiniache!" wanacheka, ila wanacheka kwa kupenda, hilo mtu unalisikia. Mmoja akasema, "Huyu mama mimi bila yeye siwezi kuanza mechi." Na binti yangu akabonyeza maiki yake, akasema kwa sauti ambayo sikujua kama anayo, "Nyamazeni nyie, huyo ni mama yangu mzazi." Nikaenda jikoni nikasimama nimeshika sufuria tupu, sijui nilikuwa nataka kupika nini. Nilijisikia fahari, sikufichi.

Sasa kampuni wamepiga simu. Wamegundua kosa, wanasema niende Alhamisi nikarudie sentensi hiyo moja ili ya zamani ifutwe, ila wachezaji wengi wanaomba isiguswe, kwa hiyo wameniachia mimi niamue kwa kuwa sauti ni yangu. Binti anasema nikilifuta hilo neno hatasema nami mwezi mzima, na mwenye kumjua anajua anaweza. Upande mwingine kuna binti mgeni ninayemfundisha kazi, maana nimebakiza miezi saba nistaafu, nilishamwambia siku ya kwanza kwamba mtangazaji hawezi kulala na kosa lake, na juzi akaniuliza kwa heshima zote, "Mama, na lile la kwenye gemu je?" Nikakosa la kusema, mimi ambaye kusema ndiyo kazi yangu. Nikilifuta, namnyang'anya binti yangu neno aliloliona la aibu na leo anajivunia. Nikiliacha, tangazo langu lililosikiwa na watu wengi kuliko yote linabaki ni kosa, na nastaafu nalo. Nifanyeje, mshauri wangu?

Ni mimi,
Sauti ya Lango la Nne

MSHAURI ANAJIBU

Sauti ya Lango la Nne, kwanza pumua. Mwanamke unayetangaza kwa nukta na mkato miaka ishirini na tatu, ukipewa kalamu unakimbia kama basi lililokatika breki! Nimekusoma mara mbili, na ndiyo, nimecheka. Kisha nikafika pale uliposimama jikoni na sufuria tupu, nikaacha kucheka.

Nikwambie ukweli, nusu ya barua yako si ya kuomba ushauri. Umekuja kuringa. Ringa, dada yangu, una haki yote! Watu arobaini wasiojuana, wameshika silaha za uongo tayari kuuana, wakisikia sauti yako wanakuitikia kama watoto wa nyumba moja. Kuna viongozi wanaotafuta kuitikiwa hivyo maisha yao yote na hawapati.

Ila nina ugomvi nawe. Mtoto wa miaka kumi na mmoja alisema neno la kitoto kwa sababu wenzake walimchoma, na wewe mtu mzima ukalichukua, ukalifungia kabatini miaka kumi na mitatu, ukaongea chini chini ndani ya nyumba yako mwenyewe. Je, uliwahi kumwuliza kama bado anaona haya? Hukumwuliza. Ukaenda studio kwa siri kama mtu anayekwenda kuiba, na alipokugundua la kwanza kutoka mdomoni mwako likawa "nisamehe". Akusamehe nini? Hilo ndilo kosa kubwa katika barua hii, na kampuni ya gemu haihusiki nalo.

Sasa twende kwenye sentensi yako ya hamsini na tisa. Umeniandikia mwenyewe, kwa mkono wako, kanuni ya kazi yako: ukikosea huzimi maiki ukajifanya hukusema. Unaifungua ileile, unasema sahihisho. Haya, nieleze, ile siku ya mzee na begi, ulifuta uliyoyasema? Yalikuwa yameshasikika kituo kizima. Uliyaacha yalivyo, ukaongeza la kweli juu yake, ukashuka ngazi. Wanachokuomba kampuni Alhamisi ni kufuta. Hiyo si kazi yako na hujawahi kuifanya, ndiyo maana roho inakataa. Na kuacha tu hivihivi nayo si kazi yako, ndiyo maana yule binti mgeni alikukosesha jibu. Umekaa hapo unahangaika na njia mbili ambazo hakuna hata moja uliyofundishwa, na ile unayoijua umeipa aya nzima kisha ukaisahau!

Kwa hiyo fanya hivi. Wapigie kampuni kesho, waambie tangazo la zamani haliguswi. Alhamisi unakwenda kurekodi jipya, litakalofuata lile la kwanza baada ya sekunde tatu tu, papo hapo, kama kazini. Mwambie fundi safari hii asikilize na maneno. Na wewe usisome karatasi yoyote. Itazame taa nyekundu useme, "Sahihisho, abiria. Nilimaanisha wachezaji. Wachezaji, muda umewadia, shikeni silaha zenu. Na chaja pia." Kosa limesahihishwa kwenye maiki ileile, neno lao limebaki, na yule mwanafunzi wako ana la kujifunza. Akikuuliza tena, mpeleke kwenye gemu akasikilize mwenyewe.

Usiende peke yako. Mchukue Sindano, aombe ruhusa kazini, sare za shule zitasubiri kwa saa chache. Mketi kwenye basi pamoja, na mkiwa njiani mwambie habari ya siku ya wazazi, yote, pamoja na zamu uliyoingia siku ile. Usimlaumu. Mweleze tu ilivyokuwa.

Naye usimwogope, maana kuna jambo umelisikia kwa masikio yako bila kulitambua, wewe mwalimu wa watangazaji. Siku ile alisema, "Aje baba." Juzi akafungua maiki, mbele ya watu arobaini, akasema, "Huyo ni mama yangu mzazi." Dada yangu, hilo lilikuwa sahihisho. Hakungoja umfundishe, amekua analisikia kutoka kwako. Alichokuwa anangoja ni wewe umwitikie, na wewe ukakimbilia jikoni.

Basi Alhamisi asubuhi, mkishavaa viatu, simama mlangoni umwite kwa ile sauti ya kazini, majirani wote wasikie, umwambie muda umewadia na ahakikishe hajasahau kitu.