Mashine ya Gemu Inasema Binti Yangu Ndiye Mzazi

Shangazi, shikamoo. Mke wangu katika gazeti hili hasomi kingine ila ukurasa wako, huukata kwa mkasi akaubandika kwenye mlango wa jokofu, kwa hiyo nakuomba ufiche kila kitu kinachoweza kunitambulisha, ingawa ukishaijua kazi yangu utacheka mwenyewe, maana mimi ni fundi wa kufuli na vitasa, nina kibanda changu kando ya soko, na mtu akijifungia nje, akipoteza ufunguo, akivunjiwa mlango, huniita mimi, na sijawahi kushindwa na mlango hata mmoja mpaka kilipoletwa nyumbani kwangu kidude kisicho hata na tundu la ufunguo.

Chanzo ni shemeji yangu, kaka wa mke wangu, aliyemletea binti yetu zawadi ya mashine ya gemu, ile ya kuunganisha na televisheni, na binti mwenyewe yuko darasa la sita na ndiye mtoto wetu wa pekee. Mke wangu ni nesi, kazi yake ya zamu, na siku ile alipokuwa anatoka kwenda hospitali aliniambia mlangoni, "Mume wangu, hicho kitu ukifunge kabla hajakigusa, wenzangu kazini wanasema humo ndani kuna mambo si ya watoto." Nikatanua kifua nikamjibu, "Unamwambia nani habari za kufunga?" Akacheka, akaenda zake na moyo mweupe.

Sasa Shangazi, sikiliza nilivyofanya. Mimi nikimfungia mteja kitasa kipya, funguo zote namkabidhi mwenye nyumba mkononi, simpi mtoto, simpi mpangaji, simpi jirani aliyesimama karibu hata akisema ametumwa, na hiyo ndiyo sifa yangu pale sokoni. Lakini siku ile nilikuwa nimekaa sakafuni na kitasa cha mteja nimekifumua, vipini na vispringi vimetapakaa kwenye gazeti, miwani nimeisahau kibandani, na maandishi ya kwenye televisheni ni madogo kama chungu, basi nikamwambia binti asome yeye na abonyeze yeye. Akasoma, akabonyeza, akasema, "Baba, inauliza mzazi ni nani, na inataka barua pepe. Ya kwako unaikumbuka nywila yake?" Nikamwambia siikumbuki. "Basi niweke ya kwangu ile ya shule, niandike mzazi ni mimi, tusichelewe?" Na mimi, nikiwa natafuta kispringi kilichoruka chini ya kochi, nikasema, "Andika tu, mama, tumalize."

Akaandika. Akajiwekea umri mkubwa kuliko wa mama yake, na mimi akanifungulia akaunti yangu ya mtoto, akaiita Dogo. Sikujua hayo mpaka siku nilipotaka kujaribu gemu la mpira, nikacheza kidogo tu, mashine ikazima mchezo na kuandika kwamba muda wangu umekwisha, nimuombe mzazi wangu ruhusa. Nikabonyeza hapo pa kuomba. Binti alikuwa mezani anafanya hesabu zake, simu ya zamani ya mama yake ikalia kando ya daftari, akaitazama, akaniambia bila kuinua kichwa, "Nimekukatalia, baba. Umeshacheza vya kutosha."

Nilicheka, sikatai. Lakini kicheko kiliisha nilipomwambia anirudishie hayo mamlaka akawa ananipiga danadana, leo kesho, ana mtihani, intaneti iko chini, basi nikaamua kutumia njia ninayoijua. Nikaifungia mashine kabatini kwa kufuli nzuri, ile ninayowauzia wenye maduka. Niliporudi kutoka kazini kufuli ilikuwa imefungwa vilevile, sina la kulaumu, ila nilipoifungua nikaweka mkono juu ya mashine, ilikuwa ya moto. Aliifungua kwa waya, akacheza, akairudisha, akafunga. Nani alimfundisha? Ni mimi, likizo iliyopita, nikijisifu kwa wateja kwamba binti yangu ana vidole kuliko vijana wote wa pale sokoni. Nusu ya moyo wangu ilitaka kumchapa na nusu ilitaka kumkumbatia, mwishowe sikufanya lolote, nikanywa maji tu.

Ila lililonifanya nishike kalamu ni la Jumamosi. Nilirudi mapema mchana, kwa mteja umeme ulikuwa umekatika, nikaingia sebuleni nikamkuta binti amekaa kwenye zulia mbele ya televisheni, gemu linaendelea, hedifoni zake amezivua amezitupa kando, na sauti inatoka kwenye televisheni yenyewe, sauti ya mwanamume mtu mzima, Shangazi, si mtoto, inasema, "Malkia, mbona umenyamaza? Niambie basi shule yako iko upande gani, nikuletee ile zawadi. Na picha yako ya sare hujanitumia bado." Binti hakujibu neno. Aligeuka akanitazama mimi, akabaki kunitazama tu, wala hakukimbilia kuizima. Nikaona huu sasa ni ujeuri, mtoto anazungumza na mwanamume mbele ya baba yake na macho makavu, nikang'oa waya ukutani, nikafoka mpaka jirani akachungulia, nikamwita majina nisiyotaka kuyaandika hapa. Akaingia chumbani kwake. Tangu siku hiyo ananisalimia tu, hanisemeshi, na kibandani hafiki tena.

Mke wangu hajui lolote. Anajua nimefunga. Anawaambia manesi wenzake, mimi mume wangu ndiye fundi, kwangu hakupiti kitu. Nimeshaamua, Shangazi, na nikiamua nimeamua: jambo hili linaisha wiki hii. Nyundo iko kwenye mfuko wangu wa kazi. Naivunja mashine, namwambia mke wangu umeme ulirudi kwa nguvu ukaiunguza, na habari inaishia hapo. Nataka tu uniambie nafanya vyema, au kama kuna kufuli ya kweli ya vitu hivi, unifundishe inavyofungwa, maana kwa yule mtoto sina pa kushika.

Mimi, Dogo kwa lazima.

SHANGAZI ANAJIBU

Marahaba, fundi. Nimecheka mpaka ulipofika Jumamosi, kisha sikucheka tena.

Nyundo irudishe kibandani. Ukiivunja mashine, yule mwanamume wa kwenye televisheni hatapata hata mchubuko. Atabaki huko aliko na jina lake na uongo wake, akimwita Malkia mtoto wa mtu mwingine. Na binti yako atacheza kwa jirani, kwenye mashine ambayo wewe huijui na kufuli yako haifiki. Na huo uongo wa umeme usiusogelee kabisa. Mkeo anakesha hospitalini akiamini mwanawe yuko salama kwa sababu wewe ulitanua kifua mlangoni. Unataka kumpa uongo wa pili kufunika wa kwanza?

Umeniomba nikufiche. Nimeficha jina, nimeficha soko. Lakini nesi mwenye binti mmoja na mume fundi wa vitasa ana mume mmoja tu duniani, na mkasi wake uko tayari. Ndiyo maana jibu hili nimekutumia kibandani kwako kwa bahasha kabla gazeti halijatoka. Mwambie wewe kwa mdomo wako, leo, akishavua viatu na kukaa. Atakasirika. Mwache akasirike, usijitetee, usimtaje shemeji. Akimaliza mtakuwa wazazi wawili, na kazi hii inataka wawili.

Sasa tufanye kazi. Kitu cha kwanza si kufunga, ni kutunza ushahidi. Usifute wala usizime akaunti yoyote kwanza. Keti na binti, muombe kwa upole afungue sehemu ya ujumbe, pigeni picha kwa simu kila alichoandika huyo mtu pamoja na jina analolitumia. Hapo hapo kwenye mashine kuna mahali pa kumshtaki mtu na pa kumzuia. Mshtakini, kisha mzuieni. Picha hizo wewe na mkeo mzipeleke polisi, na mwalimu mkuu ajue kuna mtu anaulizia shule. Usiniambie unaona aibu. Mwenye kuona aibu hapa ni mmoja, na si mtu wa nyumbani kwako.

Baada ya hapo ndipo uje kwenye ufundi wako. Mteja akikuambia funguo ziko kwa mtu asiyestahili, wewe hubembelezani na funguo, unang'oa moyo wa kitasa unaweka mwingine. Fanya vivyo hivyo. Fungua barua pepe yako mpya, nywila yake iandike uihifadhi kwenye pochi yako kama huna kichwa cha kuikumbuka. Irudisheni mashine ilivyotoka kiwandani, muanze upya, na safari hii mzazi uandikwe wewe, na mkeo aandikwe mzazi wa pili, naye awe na namba ya siri. Binti awekwe mtoto, kwa umri wake wa kweli, maana mashine huchuja michezo kwa kuangalia umri huo. Atapoteza baadhi ya alama zake za michezo, atalia kidogo, ni sawa.

Vaa miwani yako. Kila maandishi uyasome mwenyewe. Usipoelewa, muulize binti, maana anajua kuliko wewe na hilo si kosa, lakini kidole kinachobonyeza kiwe chako. Na ukifika penye namba ya siri, mwambie ageuke. Ndiyo, ageuke kabisa, atazame dirishani, kwa sababu mtoto anayefungua kufuli ya duka kwa waya atasoma mwendo wa vidole vyako bila kujitahidi. Isiwe mwaka wake wa kuzaliwa, isiwe namba ya kibanda chako. Kisha zima maongezi na watu asiowafahamu, yabaki ya marafiki mnaowajua kwa sura. Zima kutumiana picha na ununuzi. Muda wa kucheza mkae watatu mkubaliane, na kwa kuwa alikupangia wewe muda na kukukatalia mezani, nadhani yeye anajua vizuri muda wa kutosha ni upi. Mashine ikae sebuleni, kufuli ya kabatini itoe, inakuaibisha tu.

Hayo yote yatakuchukua alasiri moja. Lililobaki ni gumu zaidi, na ndilo lililonifanya nikujibu wewe wiki hii nikaacha barua nyingine mezani.

Rudi kwenye Jumamosi, fundi. Umeniandikia mwenyewe, na hukuona ulichoandika. Mtoto huyu anajua kufungua kufuli kwa waya na kuifunga tena pasibaki hata alama. Anajua kukupangia muda, kukupiga danadana, kuficha mashine ya moto kabatini. Mtoto wa namna hiyo angetaka usisikie, usingesikia. Hedifoni alikuwa nazo. Alizivua. Akaitoa sauti ile kwenye televisheni, ijae sebule nzima, aliposikia unaingia mlangoni. Hakumjibu yule mtu. Hakuizima. Aligeuka akakutazama wewe.

Wewe ukaita ujeuri! Mtoto alikuwa ameogopa, fundi. Pengine aliogopa kwa siku nyingi, naye ndiye mzazi kwa mujibu wa mashine, ana kila namba ya siri ya nyumba ile, na hajui la kufanya. Namba hazikumsaidia kitu. Akakuita kwa njia pekee aliyoipata, na alichopata ni matusi na jirani dirishani. Nimekasirika nawe hapa, sikufichi.

Basi kabla ya barua pepe, kabla ya miwani, kabla hata ya polisi, nenda ukagonge mlango wa chumba chake. Najua una uwezo wa kuufungua kutoka nje, na hata kama ameufunga kwa ndani, usiuguse. Gonga, ungoje. Mwambie, "Mwanangu, Jumamosi uliniita na mimi sikusikia. Nisamehe. Sasa nimesikia." Usiongeze neno la gemu hapo. Kama hajafungua leo, gonga kesho, na keshokutwa, mpaka afungue mwenyewe.

Shangazi.