Mwaka Mpya wa Mama

Birongo, 9 Agosti 1971

Dada Orpah,

Usinicheke. Nimebuni nchi yangu na kalenda yake: kuna Mwezi wa Kuvuna Wimbi, Mwezi wa Ukungu, hata Mwezi wa Kumbikumbi. Jana nilimsomea Mama kwa Kigusii, nikiwa nimeinamia daftari, maana unaijua aibu yangu.

Akashtuka. "Bitutu! Sabato umeiweka wapi? Watu wako hawapumziki?"

Nikaiongeza haraka.

Tangu uolewe na Yakub Mwislamu ukahamia Mombasa, Mama hajataja jina lako. Lakini jana alisema, "Mwaka wa huko uanze siku Orpah atakapokuja na mtoto wake."

Nimeandika hivyo kwa wino, dada, na ninaona fahari sana. Njoo tuuanze.

Mdogo wako,
Bitutu