Wimbo Wetu wa Samaki

Mjukuu wangu Ilunga,

Huku Likasi tuko wazima, na mguu wa baba yako umepona. Unauliza kwa nini nyimbo za wale wenye bunduki wanaotawala huko kwenu zinakukaa kichwani nawe unawachukia. Hata mimi zilinikaa. Zamani zile za chama kimoja, Chama kiliuchukua wimbo wetu wa kukausha samaki kule ziwani Tshangalele, kikautia sifa za Rais wa wakati ule, nikajikuta nikimbembeleza baba yako, akiwa bado mchanga, kwa sifa hizo. Nilikasirika!

Wageni walipokuja kiwandani nilikofanya kazi, tukatakiwa kuwaimbia wimbo huo, na mwanzishaji nikiwa mimi, nilianza kwa maneno ya samaki. Wanawake wote wakaitikia kwa nguvu. Msimamizi wa Chama akafoka, "Weye mama, unaimba nini?"

"Wimbo ya mama yangu!"

Wageni wakashangilia. Baba yako, niliyembeba mgongoni siku ile, mpaka leo anajua maneno ya samaki tu.

Nkambo wako