Saumu Hakuwa Mvivu

Shinyalu, Kakamega

Mama yangu,

Shikamoo. Naomba barua hii ikukute magoti yamekupa nafuu, na Baba kikohozi kimemwachia alale. Mpe kaka Athumani akusomee, asikusomee Rehema. Ni habari za mama yake, marehemu Saumu, na sitaki mtoto azisikie kwa ghafla. Mara tatu nimekupigia simu nikuambie, na mara tatu nikaishia kuuliza kama mvua imenyesha.

Nilikuwa mgonjwa, Mama, nikakuficha. Tangu muhula wa kwanza nilikuwa naona baridi mpaka mifupani. Nilidhani ni hali ya huku tu, maana tuko karibu na msitu na mvua hainyamazi; mtu wa Lamu atazoea lini? Lakini nilinenepa, na chakula chenyewe nakila kwa kujilazimisha. Nywele zikawa zinabaki kwenye kitana. Sauti ikakwaruza. Nilisahau majina ya wanafunzi niliowafundisha miaka miwili, na siku moja usingizi ulinichukua mezani mbele ya darasa zima. Mwalimu mkuu akaniandikia barua ya onyo. Neno alilotumia ni uzembe.

Aliyenishtua ni mwenye nyumba wangu, Mama Ayuma. Alinikuta nimekaa juani na sweta mbili, yeye jasho linamtiririka.

"Mwarimu," akasema, "mimi nalimanga tangu asubuhi na sichokangi hivi. Hii si uvivu. Enda hospitari."

Akanipeleka mwenyewe kwa bodaboda, amenishika kiuno nisianguke.

Daktari alinipima damu, kisha akanieleza taratibu. Mbele ya shingo kuna tezi inayotoa homoni ya kuupa mwili joto na nguvu. Chini ya ubongo kuna tezi nyingine, ndogo kama punje ya kunde, na hiyo kazi yake ni kuangalia damu. Homoni ikipungua, huiamuru tezi ya shingoni iongeze. Ikishatosha, amri hupungua zenyewe, na tezi ya shingoni nayo hupunguza kazi. Ndivyo mwili unavyojipima mchana na usiku bila sisi kujua.

"Kwako amri ni nyingi mno," akasema, "na tezi haijibu. Kinga ya mwili wako mwenyewe imeishambulia."

Akanipa vidonge, kimoja kila alfajiri kabla ya kula, na nitavimeza maisha yangu yote. Baada ya majuma machache nikapata nafuu, nikaingiwa na tamaa ya kupona upesi. Nikawa nameza viwili. Moyo ukaanza kunienda mbio, mikono ikatetemeka hata chaki ikanidondoka. Nikarudi kupimwa, daktari akakasirika.

"Sasa tezi ya juu imenyamaza kabisa, kwa sababu damu imejaa homoni. Zamani tezi ya shingoni ingepunguza kazi yenyewe. Kidonge hakisikii amri, mwalimu. Lazima tupime sisi, tupunguze sisi."

Ndipo nikamuuliza kama maradhi haya huandama ukoo. Akasema mara nyingi huandama. Nikamsimulia habari za mdogo wangu Saumu: alivyovimba uso, alivyojifunika blanketi Lamu katika joto la kaskazi, alivyokuwa akilala na sufuria ziko motoni. Alinisikiliza mpaka mwisho. Akasema hawezi kuapa bila vipimo, ila Saumu angefika kwake, angempima siku hiyo hiyo.

Mama, sote tulimwita mvivu. Wewe ulimwambia anadeka. Sikuandikii haya kukuumiza.

Nakuandikia kwa sababu ya Rehema. Likizo iliyopita nilimwona shingo imejaa kwa mbele, na mwalimu wake analalamika kuwa siku hizi anasinzia. Usimgombeze. Athumani ampeleke hospitali juma hili hili, aseme wapime tezi ya shingo. Ni damu kidogo tu ya mkononi.

Nisalimie Baba, na shangazi Mwanajuma aliyemwosha Saumu kwa mikono yake. Mama Ayuma pia anakusalimu, ingawa hamjaonana. Asubuhi ananiletea uji, anasimama mlangoni mpaka niumalize.

Na ukikutana na shemeji, baba yake Rehema, mpe salamu zangu. Nilimlaani siku aliyomrudisha Saumu nyumbani, akisema hawezi kuishi na mke anayelala mchana. Mwambie nimeacha kumlaani. Juma moja kabla ya kufa, Saumu alinipigia simu akaniambia hata ndoo hawezi kuinua. Nikamjibu, "Inuka ufanye kazi, utapona." Akasema, "Haya, dada." Hatukuongea tena.

Mwanao,
Khadija