Nusu Mbili za Dawa ya Ng'ombe

Maretadu, Jumatano

Na mimi ndiye niliyejitangaza kuwa naijua nusu-maisha!

Juzi bwana mifugo alimchoma ng'ombe wetu sindano. Akasema nusu-maisha ya ile dawa ni siku moja, yaani ndani ya siku moja inapungua nusu mwilini na kwenye maziwa. Nikamwambia Mama, "Tulia, msomi nipo. Kesho nusu imetoka, keshokutwa nusu nyingine. Dada Marta atakunywa maziwa yake." Dada amejifungua wiki hii, na kwetu mzazi hunyweshwa maziwa mpaka apate nguvu.

Leo nimekutana na bwana mifugo njiani, nikamtambia hesabu yangu. Alicheka mpaka pikipiki ikamzimikia. "We dogo, siku ya pili inatoka nusu ya iliyobaki, siyo yote! Si niliwaambia msubiri wiki?"

Nilifika nyumbani nikihema. Mama alikuwa mlangoni kwa dada, kibuyu cha maziwa mkononi.

"Mama, usimpe! Nimekosea."

Akayamwaga yote. Hakunigombeza. "Afadhali umesema, mwanangu. Ungeona aibu ukanyamaza..."

Sikumwambia kwamba kule njiani nilisimama kwanza, nikifikiria kunyamaza.