Labeka Ndani ya Treni

Dada Zuhura, nakusalimu kutoka Miritini, wewe na wote mlioko Voi.

Wallahi bahati yangu ni ya kutolewa gazetini! Hata jua halijatua nimeshapata mwenyeji Mombasa, mama wa Bofu, kanitandikia kitanda cha samadari kama bwana harusi.

Ilikuwa hivi. Tumepita Mariakani, watu wanasinzia, mara mama mmoja kiti cha nyuma akaita jina langu, "Athumaaani!" kwa kuvuta, vile vile kama marehemu mama. Nikaruka: "Labeka, mama!" Behewa zima likanigeukia. Kumbe anaongea na mwanawe kwenye simu! Alicheka mpaka mtandio ukamvuka.

"Huyu wangu siku hizi huitika 'eeh'," akanambia. "Wewe umelelewa. Njoo ule."

Nikala kaimati zake, nami nikamwambia Dubai naijua kama jikoni kwetu.

"Muongo we!" akasema, akaniongeza nyingine.

Tuliposhuka akaita tena, "Athumaaani!" Nikaitika kabla sijajizuia. Lakini mwanawe alikuwa anakuja mbio. Akambusu mamake mkono, akambebea kikapu, wakaenda zao. Mama aligeuka mara moja, akanipungia.

Nibusie watoto. Na ukinipigia simu, tafadhali, niite kwa kuvuta.

Mwenyeji sina, dada. Niko kwenye benchi la stesheni, nakudanganya.

Nduguyo, Athumani